Amelipa milioni 39, deni limeshuka milioni moja: benki imemwibia?

*Shangazi, shikamoo.*

*Mimi ni mama wa watoto wawili, nina miaka 33, naishi Dar es Salaam. Ni afisa ugavi katika kampuni binafsi. Tumepanga Tabata, vyumba viwili na sebule, Sh350,000 kwa mwezi, na mwenye nyumba anataka ya miezi sita mkononi. Majuzi katangaza kwamba anapandisha. Ndipo baba watoto akasema basi, yatosha, sasa tununue kwetu.*

*Tumepata nyumba Kigamboni, vyumba vitatu, ina hati, inauzwa Sh125 milioni. Akiba yetu ni Sh25 milioni, jasho la miaka saba. Benki inayopitisha mshahara wangu iko tayari kunikopesha Sh100 milioni zilizobaki, riba asilimia 16 kwa mwaka, muda miaka 25. Rejesho ni Sh1,358,889 kila mwezi. Mshahara wangu ukishakatwa kila kitu nabaki na Sh2.7 milioni. Mume wangu ana duka la vipuri vya bodaboda. Mwezi mzuri analeta laki nane, mwezi mbaya sisi ndio tunaliongezea duka.*

*Wamenipa na karatasi ya gharama: ada ya mkopo Sh1.5 milioni, uthamini Sh450,000, mwanasheria na usajili wa rehani Sh2.1 milioni, bima Sh3.2 milioni. Hiyo bima wanasema nisihangaike nayo, wataiingiza humo humo kwenye mkopo.*

*Mume anasema kodi ni hela ya kutupa, heri tuwalipe benki, mwishowe nyumba inakuwa yetu. Na mimi nilikuwa upande wake mpaka nilipokaa na dada mmoja wa ofisini. Miaka minne iliyopita alikopa Sh60 milioni, riba hiyo hiyo ya asilimia 16, miaka hiyo hiyo 25. Hajachelewa hata mwezi mmoja. Sasa kahamishiwa Mwanza, akataka auze nyumba amalize deni. Benki ikampa salio: Sh58.98 milioni. Shangazi, ameshalipa zaidi ya Sh39 milioni! Alilia kantini mbele za watu. Anasema ameibiwa na anakwenda kushtaki Benki Kuu.*

*Shemeji yangu naye kaja na lake. Kuna taasisi inakopesha "kwa asilimia kumi tu", miaka 15, na mume anataka tukimbilie huko.*

*Naomba unisaidie: yule dada kaibiwa? Na hii nyumba itatugharimu shilingi ngapi mpaka iwe yetu kweli? Nilimuuliza afisa mikopo, akanijibu, "Wewe angalia rejesho, dada, kama unalimudu." Ijumaa ya wiki ijayo natakiwa kusaini barua ya ofa.*

*Mama Wawili, Tabata*

Marahaba, mwanangu. Kabla sijastaafu nilikaa kwenye dawati la mikopo miaka kumi na tisa, na hilo jibu la "angalia rejesho" nimelitoa mwenyewe mara nyingi kuliko ninavyopenda kukumbuka. Si uongo. Ila linajibu swali ambalo mteja hakuuliza.

Nianze na mwenzako aliyelia kantini. Hakuibiwa. Chukua simu yako, fungua kikokotoo, tupige hesabu yake pamoja. Asilimia 16 ya Sh60 milioni ni Sh9.6 milioni kwa mwaka. Gawa kwa miezi 12, unapata Sh800,000. Hiyo ni riba ya mwezi wa kwanza peke yake. Rejesho lake kwa mkopo wa namna ile ni kama Sh815,333. Toa riba. Kilichobaki cha kupunguza deni ni Sh15,333. Mwezi wa pili riba inahesabiwa kwenye salio lililopungua hizo elfu kumi na tano, kwa hiyo inashuka kwa shilingi mia mbili na kidogo, na mia mbili hizo zinahamia upande wa deni. Ndivyo inavyokwenda, kwa mwendo wa kobe. Ukijumlisha miezi 48 ya vijisenti hivyo unapata Sh1.02 milioni. Sh60 milioni ukitoa hiyo, unaangukia pale pale kwenye salio alilopewa. Hesabu ya benki imenyooka.

Akitaka kwenda Benki Kuu ana haki. Wana dawati la malalamiko ya wateja, ila sharti aanze kwa kulalamika kwa maandishi kwenye benki yake. Lakini ataambiwa haya haya. Kama ana kesi, ni kwamba siku ya kusaini hakuna aliyemwonyesha jedwali la marejesho, ile karatasi yenye mistari ya kila mwezi: umelipa nini, riba imekula ngapi, deni limebaki ngapi. Au alionyeshwa, akageuza kurasa akitafuta pa kusaini. Nimeona wengi wa namna hiyo, wasomi wazuri tu.

Sasa njoo kwako. Mkopo wa Sh100 milioni, riba ya mwezi wa kwanza ni Sh1,333,333. Rejesho lako ni Sh1,358,889. Kitakachopunguza deni lako mwezi huo ni Sh25,556. Kwa bei za sasa za Dar hiyo ni hela ya mfuko mmoja na nusu wa saruji. Yaani utatoa nusu ya mshahara wako, na sehemu inayokwenda kuifanya nyumba iwe yako ni mfuko mmoja na nusu.

Mumeo anasema kodi ni hela ya kutupa. Mwambie riba nayo ni kodi, tofauti ni kwamba umepanga hela badala ya kupanga vyumba. Na kodi hiyo ya mwezi wa kwanza ni karibu mara nne ya ile ya Tabata.

Baada ya miaka mitano utakuwa umeshalipa Sh81.5 milioni. Deni litakuwa limebaki Sh97.7 milioni. Baada ya miaka kumi umelipa Sh163 milioni, na bado unadaiwa Sh92.5 milioni. Siku ambayo sehemu kubwa ya rejesho lako itaanza kwenda kwenye deni badala ya riba itafika baada ya miaka 20 na miezi minane. Utakuwa na miaka 53, na huyo mdogo unayembeba mgongoni leo ameshamaliza chuo. Ukifika mwisho bila kuteleza, mkopo wa Sh100 milioni utakuwa umeurudisha kwa Sh407.7 milioni. Ongeza akiba yenu ya Sh25 milioni. Nyumba ya Sh125 milioni imekuwa ya Sh432 milioni na ushee, na hapo sijagusa ile karatasi ya ada.

Najua utauliza kwa nini riba iwe kubwa hivyo. Benki nyingi zinakusanya amana za watu wanaoweza kuja kuzichukua kesho, halafu wewe unataka uzikalie miaka 25. Ndiyo maana mwaka 2010 ilianzishwa TMRC, kampuni ya kuzipa benki fedha za muda mrefu kwa ajili ya mikopo ya nyumba. Kabla ya hapo kupata mkopo wa nyumba wa miaka ishirini ilikuwa kama hadithi. Pia kuna mshindani ambaye watu hawamwoni, naye ni Serikali. Mwaka 2021 ilianza kuuza hatifungani, yaani hati za kuikopesha Serikali, za miaka 25 kwa riba ya karibu asilimia 16, ingawa baadaye riba hiyo iliishusha. Sasa jiweke kwenye kiti cha meneja wa benki. Unaweza kuikopesha Serikali ukalala usingizi, au ukamkopesha Mama Wawili wa Tabata ambaye kampuni yake inaweza kupunguza wafanyakazi. Utamtoza yupi zaidi?

Kuna mtu atakuja kukuambia, "Aah, thamani ya hela inashuka, hiyo milioni na laki tatu baada ya miaka kumi itakuwa ya kununulia nyanya." Ana ukweli kidogo. Mshahara wako ukipanda, rejesho lile lile litauma kidogo kuliko leo. Lakini mfumuko wa bei hapa kwetu kwa miaka ya karibuni umekuwa ukicheza kati ya asilimia 3 na 5, na riba yako ni 16. Pengo hilo halifunikwi na nyanya.

Umeuliza jumla ya gharama tu, ila kuna jambo linalonitisha kuliko jumla. Fungua barua ya ofa, tafuta sentensi inayosema riba inaweza kubadilika. Nina hakika ipo, kwa maana mkopo wa miaka 25 wenye riba isiyoguswa ni nadra. Sasa tazama: riba ikipanda kutoka asilimia 16 hadi 16.5 katika mwaka wa kwanza, nusu asilimia tu, riba ya mwezi inakuwa Sh1,375,000. Rejesho lako ni Sh1,358,889. Halitoshi hata riba! Kama benki haitapandisha rejesho, deni litaanza kuota badala ya kupungua, na wewe unalipa kila mwezi kwa uaminifu kabisa. Ikipanda hadi asilimia 18, rejesho jipya ni Sh1,517,430. Je, duka la vipuri litaziba hiyo laki na nusu ya ziada? Uliza kwa maandishi: riba ikipanda mtaongeza rejesho au mtaongeza miaka, na nitaarifiwa siku ngapi kabla?

Haya ndiyo madhara ya kunyoosha mkopo mpaka ukaribie kukatika. Afisa mikopo anapokuambia "tukuwekee miaka 25 ili rejesho liwe dogo", sikiliza udogo wenyewe. Mkopo huo huo kwa miaka 20 ni Sh1,391,256 kwa mwezi. Umeona tofauti? Elfu thelathini na mbili. Kwa kukwepa elfu thelathini na mbili kwa mwezi unajiongezea Sh73.8 milioni za kulipa. Kwa miaka 15 rejesho ni Sh1,468,701, yaani laki moja na elfu kumi hivi juu ya lile ulilopewa, na jumla yote inashuka hadi Sh264.4 milioni. Umeokoa Sh143 milioni. Kuna wateja niliowahudumia walibishana na fundi rangi juu ya elfu ishirini huku wamesaini miaka 25 bila kuuliza.

Shemeji na asilimia kumi zake. Muulize swali moja: hiyo kumi inahesabiwa kwenye salio linalopungua, au kwenye mkopo wote mpaka mwisho? Kama ni kwenye mkopo wote, basi ni Sh10 milioni kila mwaka kwa miaka 15, hata mwaka wa mwisho ambapo deni limebaki kiduchu. Riba Sh150 milioni, jumla Sh250 milioni, rejesho Sh1,388,889. Ukiigeuza kwa hesabu ya salio linalopungua, hiyo "kumi" ni karibu asilimia 15. Si wizi, na kwa kweli ni nafuu kidogo kuliko benki yako. Lakini ubaya wake uko hapa: mikopo ya namna hiyo ukitaka kuimaliza mapema mara nyingi hupunguziwi kitu, kwa sababu riba yote imeshaandikwa tangu siku ya kwanza. Wakikujibu kwamba inahesabiwa kwenye salio linalopungua, kwa asilimia kumi, miaka 15, nitumie namba yao na mimi nikakope.

Ile karatasi ya ada sitakaa nayo sana. Ada, uthamini na mwanasheria ni Sh4.05 milioni, na hapo hujaweka ushuru wa stempu wa kuhamisha umiliki. Akiba yenu yote ya Sh25 milioni imekwenda kwenye kianzio. Hizi zinatoka wapi? Kama jibu ni "tutaazima kwa dada", basi nyumba haijafikiwa bado.

Ila bima usiipite hivi hivi. Sh3.2 milioni zikiingizwa kwenye mkopo zinazaa riba kama wenzake. Zitakuongezea kama Sh43,500 kila mwezi kwa miaka 25, jumla Sh13 milioni. Bima ya milioni tatu unainunua kwa kumi na tatu kwa sababu mtu amekuambia usihangaike. Hangaika. Ilipe taslimu, hata ikibidi kusubiri miezi miwili. Na uisome: aghalabu inalipa deni ukifariki au ukipata ulemavu wa kudumu. Kazi ikiisha hailipi. Kwa mtu wa kampuni binafsi mwenye mume wa biashara ndogo, hilo la kazi kuisha ndilo la kuliwazia usiku.

Maana ukishindwa kulipa, sheria inaitaka benki ikupe notisi ya siku 60 kabla ya kuuza. Siku 60 si nyingi kwa mtu anayetafuta kazi. Baada ya hapo ni dalali na kipaza sauti. Na kwa kuwa ni nyumba ya ndoa, mumeo atatakiwa kusaini ridhaa yake, Sheria ya Ardhi ya 1999 inataka hivyo. Kwa hiyo asome naye, kila ukurasa, asije akasema baadaye lilikuwa jambo lako na benki yako.

Ukishahamia, nyumba nayo ina mdomo. Pampu ya maji, bati linalovuja, kodi ya jengo inayokatwa kwenye LUKU, pango la ardhi kila mwaka. Na Kigamboni ina lake: kazi yako kama iko mjini, kila siku ni daraja au pantoni, kwenda na kurudi. Piga hiyo nauli kwa mwezi uiweke karibu na rejesho. Mwenye nyumba wa Tabata mnayemlalamikia, bomba likipasuka mnampigia yeye.

Hebu nikuonyeshe upande mwingine, halafu utaamua. Tofauti kati ya rejesho na kodi mnayolipa sasa ni kama Sh1,009,000 kwa mwezi. Mkibaki Tabata na kuiweka hela hiyo kando kila mwezi, kwa nidhamu ile ile ambayo benki ingewalazimisha, Sh100 milioni zinatimia kwa miaka minane na miezi mitatu, bila hata riba ya akiba. Kodi ya muda huo kwa bei ya leo ni kama Sh35 milioni. Itapanda, najua, na bei ya nyumba nayo itapanda. Lakini linganisha: kama Sh160 milioni kwa njia moja, Sh432 milioni kwa nyingine.

Ndiyo maana mtaani kwetu watu hununua kiwanja, wakajenga kidogo kidogo: mwaka huu msingi, mwaka kesho boma, halafu linasimama mvua mbili likisubiri bati. Watu wa benki hucheka maboma. Mimi nilicheka pia, mpaka nilipokaa nikapiga hesabu ya nyumba yangu mwenyewe. Ila nisikudanganye, njia hiyo ina majeraha yake. Hela ya nondo huliwa na msiba, na ada ya shule, na mjomba aliyelazwa. Fundi anapotea na mbao zako. Kiwanja ambacho hakijapimwa kinaweza kuwa na wenyewe watatu. Na watu wengi, nasema wengi, hawawezi kuweka milioni moja kando kila mwezi kama hakuna anayewakata kwenye mshahara. Riba kwa watu hao ni ada ya kukaliwa kooni. Ni ghali, lakini wengine bila hiyo hawajengi hata choo.

Kuna na ya katikati ambayo sioni ikitajwa kwenye barua yako. Hizo Sh25 milioni zinunue kiwanja kilichopimwa chenye hati na kuanzia msingi, mjenge kwa miaka mitatu minne mpaka boma lisimame, halafu mkope kidogo kwa ajili ya kumalizia. Sh40 milioni kwa asilimia hiyo hiyo 16, kwa miaka saba, rejesho ni kama Sh794,500 na jumla ni Sh66.7 milioni. Riba Sh26.7 milioni. Mtakuwa na deni dogo kwa miaka michache, na mshahara wako unapumua.

Mkiwa mmekwisha kuipenda ile ya Kigamboni, na nahisi mmeshaipenda, basi msisaini Ijumaa. Ombeni miezi sita. Katika miezi hiyo ishini kana kwamba mkopo umeshaanza: kila tarehe ya mshahara, Sh1,009,000 inatoka kwenda akaunti ambayo hamuigusi, na duka lisihesabiwe kabisa. Mwezi wa nne ndio utakaosema ukweli, kwa sababu wa kwanza na wa pili kila mtu ana bidii. Mkishindwa, mmejifunza bila dalali. Mkiweza, mna Sh6 milioni mkononi, ada na ushuru mmezipata, na sehemu ya bima. Muuzaji asipowasubiri, hiyo haikuwa nyumba ya mwisho Kigamboni.

Na mkija kusaini, swali la kumuuliza afisa mikopo ni hili: nikilipa zaidi ya rejesho, ile ziada inakwenda kwenye deni lenyewe mwezi huo huo, na je, kuna faini? Likijibiwa vizuri, kwa maandishi, hesabu yote inageuka. Chukua mkataba wao wa miaka 25 lakini lipa Sh200,000 juu ya rejesho kila mwezi. Deni linaisha kwa miaka 12 na miezi miwili, na jumla inakuwa Sh227.5 milioni badala ya 407.7. Laki mbili kwa mwezi zimekuokolea Sh180 milioni. Na mwezi ambao duka limeyumba au mtoto kalazwa, unarudi kwenye rejesho la kawaida bila kuvunja mkataba. Waambie pia ziada yako ifupishe miaka, isipunguze rejesho, kwa sababu wasipoambiwa wengine huchagua hilo la pili. Kama unajijua kwamba hiyo laki mbili itageuka kitenge cha harusi, saini miaka 15 ukakatwe kwa nguvu. Faini ikiwepo ya kulipa mapema, usisaini hiyo ya 25 kabisa.

Yule mwenzako anayehamia Mwanza mwambie asiuze kwa hasira. Anaweza kupangisha, kodi ikachangia rejesho, wakati anatafuta bei nzuri. Aulize pia kama benki nyingine inaweza kuununua mkopo wake kwa riba ya chini. Kwa deni lake, kila asilimia moja inayoshuka ni kama Sh49,000 kwa mwezi za riba.

Jumatatu nenda benki, omba jedwali la marejesho lililochapishwa, mistari yote 300. Wasikupe muhtasari. Kanuni za kuwalinda watumiaji wa huduma za fedha za 2019 zinawataka wakufafanulie riba na gharama zote kabla hujasaini, kwa hiyo humwombi mtu fadhila. Ukilipata, mkae na mumeo mezani watoto wakishalala, mpige mstari wa kalamu nyekundu pale kiasi kinachopunguza deni kinapoizidi riba ya mwezi. Mtahesabu kurasa kabla ya kuufikia.